Uji Tuliokataa

Ninafundisha wasaidizi wa jamii katika mradi wa wazungu. Nina diploma ya miaka mitatu kutoka Bukavu, Kongo, watoto wanne, na mume aliyebaki ng'ambo ya mpaka tangu 1998. Nayasema haya mapema ili mtu asidhani kwamba kosa la Kanyosha nililifanya kwa kutojua. Nilijua. Wote tulijua.

Ilikuwa mwaka 2002, wakati wa vita, Kanyosha ikiwa pembeni kusini mwa Bujumbura. Risasi zilikuwa zikisikika milimani karibu kila siku, na watu walikuwa wameshazoea kuinua kichwa, kusikiliza kidogo, kisha kuendelea kuchambua maharage. Wanafunzi wangu walikuwa kwenye staji, mazoezi ya kazi. Mmoja wao, Huguette, binti Mrundi mwenye akili na woga mwingi wa mitihani, nilimpa faili la Adélaïde.

Adélaïde ni mjane aliyekimbia kutoka Fizi, nako Kongo, akapanga chumba Kanyosha, akawa anauza uji wa mtama na soya asubuhi mbele ya mlango wake. Siku moja watu walipokuwa wakishuka mbio kutoka milimani, aliona mtoto wa kike amekaa kando ya barabara, peke yake, kiatu kimoja mguuni. Alikuwa na umri wa kama miaka minne. Akambeba. Akamwita Irène, kwa sababu jina lake mwenyewe mtoto hakulisema. Mwaka mzima ulipita na hakuna ndugu aliyekuja kumwulizia.

Sasa ofisi ya zoni, yaani serikali ya mtaa, ilitaka karatasi. Ili Irène abaki kwa Adélaïde, sisi wa mradi tulipaswa kumtembelea na kuandika maoni yetu, halafu nyumbakumi na majirani wawili watie sahihi kwamba mtoto analelewa vizuri. Mwisho ulikuwa Ijumaa ya tarehe kumi na tano, saa sita mchana. Zisipopatikana sahihi, mtoto anapelekwa kituo cha watoto mkoani, kwa lori, katika misafara ile iliyokuwa ikisindikizwa na wanajeshi na bado inapigwa njiani. Faili lilikuwa rahisi. Nilimpa Huguette kwa sababu lilikuwa rahisi.

Nilienda naye siku ya ziara ili nimpe alama. Tuliketi kwenye kibao mbele ya mlango. Wateja walikuwepo: fundi baiskeli Hyacinthe, mzee Massoudi ambaye ndiye nyumbakumi, na Mwantum anayeuza nyanya upande wa pili wa njia, mwanamke ambaye mdomo wake unafika mahali kabla ya miguu yake. Huguette aliuliza maswali yake vizuri. Irène alikuwa safi, amenenepa, anacheka na kuku. Nikaandika.

Kisha Adélaïde akachota uji, akanywa funda moja mbele yetu, akafuta ukingo wa bakuli kwa kidole, akamnyooshea Huguette kwa mikono miwili.

Sihitaji kumweleza mtu wa Bukavu, wa Uvira au wa Bujumbura maana ya funda lile. Anayekupa kinywaji huonja kwanza, ili uone kwamba hakuna sumu. Sumu kwetu si hadithi ya kutishia watoto. Kila familia ina mtu wake ambaye inaamini alikufa kwa sumu, na ina mtu wake inayemshuku.

Lakini katika kozi yangu, ukurasa wa kumi na moja, imeandikwa: msaidizi wa jamii hali wala hanywi nyumbani kwa mtu anayemhudumia. Kitabu tulichotolea kanuni ile kiliandikwa Ulaya, mahali ambapo mgeni akikataa chai, mwenye nyumba huirudisha jikoni na mambo yanaishia hapo.

Huguette akaniangalia. Mimi nilikuwa na kalamu mkononi. Nikatikisa kichwa kidogo tu.

"Apana, mama, asante," akasema. "Haturuhusiwi."

Hyacinthe aliacha kunywa. Mzee Massoudi akachungulia ndani ya bakuli lake. Adélaïde alisimama na mikono yake miwili mbele, halafu akaumwaga uji ule chini, akaingia ndani. Nilimpa Huguette kumi na nane juu ya ishirini.

Wiki moja baadaye Huguette alikuja darasani kabla ya wengine.

"Mwalimu, nimepita kwa Mama Adélaïde. Saa tatu asubuhi na sufuria imejaa. Hakuna mutu."

"Labda watu hawana hela."

"Wanakunywa kwa mwingine, chini kule. Wanasema ofisi imemujua. Wanasema kama ofisi imekataza wafanyakazi wake kula kwake, iko sababu." Akameza mate. "Na mutoto wa jirani aliharisha. Sasa wanasema ni yeye. Hata bwana yake wa Fizi, wanasema alikufa na tumbo."

"Nani anasema?"

"Wote. Mwantum ndiye anasema kwa sauti."

Nilikaa. "Huguette, ulijua kwamba ukikataa itakuwa hivi?"

"Nilijua, mwalimu."

"Mbona hukusema?"

"Ulikuwa umeshika kalamu."

Ilikuwa Jumatano, tarehe kumi na tatu. Nilifuta somo, nikafunga mlango, nikamchukua Huguette tukashuka Kanyosha.

Mzee Massoudi tulimkuta kibarazani anakata kucha kwa wembe. Nilimpa karatasi. Hakuigusa.

"Madamu, mi sina shida na mama ule. Lakini nyinyi, watu wa shule, mulikuja na dawa zenu za kupima mambo, mukakataa uji wake. Mi nani niseme ni mwema?"

"Mzee, hatukupima kitu. Ni kanuni ya kazi. Hatuli kwa mtu yeyote."

"Kwa mutu yeyote?"

"Kwa mtu yeyote."

"Basi munaona watu wote wabaya." Akarudi kwenye kucha zake. "Hiyo kazi mbaya sana, madamu."

Hyacinthe alisema atatia sahihi kama mzee atatia. Mwantum hakungoja tumfikie. Alipiga kelele kutoka kwenye nyanya zake:

"Ee, muwongo amerudi na mutoto wake wa shule! Leo mumekuja kumaliza kazi?"

Nilimjibu kwamba nimekuja kunywa uji. Nilienda moja kwa moja mlangoni kwa Adélaïde. Alikuwa ameketi na Irène mapajani, sufuria imefunikwa. Mama wa watu alikuwa amekonda. Nilimwomba radhi, kifupi, sina ufundi wa kuomba radhi kwa urefu. Nikasema: tupe uji, mimi na huyu, tunywe watu waone.

Alichota mabakuli mawili. Akatukabidhi. Hakuonja.

Nilingoja.

"Nionje tena?" akasema. "Nilionja siku ile. Ilisaidia nini?"

Huguette alininong'oneza, "Mwalimu, alama zangu?"

"Kunywa," nikamwambia. "Alama ninazitoa mimi."

Tukanywa, tumesimama katikati ya njia kama watu wanaopigwa picha. Nikaomba bakuli la pili. Nililamba hata ukingo. Kisha nikamgeukia Mwantum.

"Umeona?"

"Nimeona mukubwa anakunywa juu ya kufunika aibu yake." Akapanga nyanya moja juu ya nyingine. "We uko na wazungu, wamekupa kidonge cha kuzuia sumu mbele ya kuja. Kama unajua uji ni muzuri, lete mutoto wako akunywe. Si wa jirani. Wako wa tumbo. Hapo mi natia sahihi."

Watu wakacheka, lakini si kicheko cha mzaha. Mzee Massoudi alisema kutoka kibarazani kwamba Mwantum amesema sawa. Hyacinthe aliitikia kwa kichwa.

Nilirudi Quartier Asiatique, tunakoishi vyumba viwili nyuma ya duka la vitambaa, na njia nzima nilikuwa natafuta katika kichwa changu ukurasa unaoniruhusu. Haupo. Hakuna mwalimu yeyote aliyenifundisha kumchukua mtoto wangu na kumfanya kipimo mbele ya watu. Nikiwaeleza wakuu wa mradi, wananifukuza, na watakuwa na haki.

Lakini hilo silo lililonitafuna. Lililonitafuna ni kwamba hakuonja.

Nilijiambia: amekasirika, ana haki, hata wewe usingeonja. Nilijiambia: umekunywa mabakuli mawili na uko mzima. Nikaanza kulisikiliza tumbo langu. Nikiosha vyombo, nasikiliza tumbo. Nikimfunga Prodige nywele, nasikiliza tumbo. Prodige ni wa mwisho, msichana wa miaka sita, mwembamba, mwenye maswali. Nikajiuliza Adélaïde ni nani kwangu. Jina kwenye faili. Mumewe alikufa na nini, kweli? Kwenye faili nilikuwa nimeandika "ugonjwa". Sikuuliza ugonjwa gani.

Mimi niliyezindua uvumi ule kwa kutikisa kichwa, nilikuwa nimeshaanza kuuamini. Usingizi haukuja.

Alhamisi shule za watoto zilikuwa zimefungwa kwa sababu ya mabomu yaliyoanguka juma lile. Nilimvalisha Prodige gauni la Jumapili, sijui kwa nini. Tukaenda. Huguette alitungoja njiani.

"Mama, tunaenda wapi?"

"Kunywa uji."

"Nyumbani hakuna uji?"

"Upo. Tembea."

Habari ilikuwa imetangulia. Njia ilikuwa imejaa wanawake wenye kazi za uongo: mmoja anafagia mahali palipofagiwa, mwingine anaanua nguo mbichi. Mwantum alikuwa amegeuza meza yake ielekee mlango wa Adélaïde.

Adélaïde alitoka, akamwona Prodige, akaangalia watu, akaelewa kabla sijafungua mdomo.

"Apana," akasema. "Apana, dada. Umeleta mutoto wako anipimie sumu?"

"Nimemleta ili karatasi yako itiwe sahihi."

"Mi si panya wa daktari. Uji wangu si wa kupima. Rudi naye."

"Kesho saa sita wanamchukua Irène."

"Najua kesho! Unafikiri sijui kesho?" Sauti yake ilipasuka na Irène akamshika sketi. "Mulikuja hapa na kalamu, mukanichafua. Sasa unakuja na mutoto, unanichafua mara ya pili. Akikunywa akabaki muzima, watasema nini? Watasema leo sikuweka. Watasema nimeweka kidogo. Na mi nitabaki mwanamuke ambaye watoto wa watu wanaletwa kupimwa kwake."

Alikuwa amesema kweli tupu. Huguette alikuwa analia, jambo ambalo halikumsaidia mtu. Niliweka faili chini kwenye vumbi, kwa sababu sikujua niliweke wapi, nikasema lile ambalo sikupanga kusema.

"Adélaïde, jana hukuonja. Nimekesha na hilo. Nimeogopa. Mimi ndiye nilikosa, na bado mimi ndiye nimekuogopa."

Mbali, upande wa milima, bunduki gani sijui ilianza kupiga, ta-ta-ta, ikanyamaza. Hakuna aliyeinua kichwa.

"Uliogopa uji wangu?"

"Ndiyo."

"Na umemuleta mutoto."

"Ndiyo."

"We mwendawazimu," akasema. Halafu, chini zaidi: "Hata mi ningeogopa. Nisingemuleta."

Prodige alikuwa amechoka na mazungumzo ya wakubwa. Alikuwa anaangalia sufuria. "Mama," akasema kwa sauti ya kawaida kabisa, "ulisema uji."

Adélaïde aliinama. "Una njaa, we?"

"Sana. Mama hakunipa chai."

Ni kweli. Nilisahau.

"Unatembeza mutoto na njaa kutoka Asiatique mupaka hapa?" Adélaïde akaniambia, na hapo hasira yake ilikuwa hasira ya mama, si ya mtu aliyeshtakiwa. Alifunua sufuria. Alichota bakuli moja, akanywa funda, kubwa, koo likaonekana likimeza. Akampa Irène funda la pili. Kisha akampa Prodige, akamsogezea kibao kwa mguu.

Nilisimama. Mikono yangu niliishika nyuma ili isifanye kitu. Prodige alipuliza, akanywa, akapuliza, akanywa. Alikuwa na uji puani. Irène alisogea karibu yake na kusubiri zamu, na Prodige, ambaye nyumbani hampi mtu hata mfupa, akampa bakuli. Wakawa wanabadilishana hivyo mpaka likaisha.

"Iko sukari kidogo," Prodige akasema.

"Sukari iko bei," Adélaïde akamjibu.

Hyacinthe ndiye wa kwanza kucheka. Alikuja na bakuli lake mwenyewe kutoka kwenye kibanda chake, akasema tumbo lake limelia wiki nzima, uji wa kule chini ni maji ya kuoshea mikono. Mzee Massoudi aliomba kalamu. Alitia sahihi taratibu, herufi moja moja, akapuliza wino. Hyacinthe akatia ya pili akiwa bado anatafuna nafaka ambayo haikusagika.

Nilimpelekea Mwantum karatasi kwenye nyanya zake.

"Kesho," akasema.

"Ulisema mtoto wangu akinywa utatia sahihi."

"Nilisema akikunywa. Sikusema akikunywa tu. Kesho asubui umulete, nione kama ameamuka."

Niseme ukweli: nilitaka kumpiga kwa nyanya zake. Lakini nilimwangalia usoni, na sikuona ubaya. Mjukuu wake ndiye aliyeharisha. Alikuwa anaogopa kama mimi nilivyoogopa, tofauti ni kwamba yeye hakuwa na diploma ya kuionea haya.

"Saa ngapi?"

"Mbele ya saa tano. Nakwenda soko."

Ijumaa Prodige aliamka mzima na mkaidi. Hakutaka kwenda popote. Tulipofika kusini mwa mji tukakuta wanajeshi wamefunga barabara kubwa. Usiku kulikuwa na mapigano juu ya Kanyosha. Hakuna gari linalopita. Nilimwuliza askari kama mtu wa miguu anapita. Akasema kama anataka. Nikakatiza Kibenga, kupitia kwenye nyumba za matajiri zenye kuta ndefu, ziwa upande wa kulia, mtoto mgongoni kwa sababu alikuwa amekaa chini na kukataa. Miaka sita si mzigo mdogo. Saa nne na nusu bado nilikuwa njiani. Saa tano kasoro dakika kumi niliingia njia ya Adélaïde, jasho likinidondoka kidevuni.

Mwantum alikuwa ameshafunga nyanya kwenye kitambaa, tayari kujitwisha. Aliziweka chini. Yeye mwenyewe alimshusha Prodige mgongoni mwangu, akamwangalia macho, akamfungua mdomo kama anayenunua mbuzi, akamwambia aruke. Prodige akamwambia hapana.

"Ana kiburi," Mwantum akasema. "Mugonjwa hana kiburi."

"Tia sahihi, mama. Saa zinakwenda."

Alishika kalamu, akasita tena. "Iko sumu ya miezi sita. Inakaa pole pole."

"Basi nitamleta kila juma kwa miezi sita. Na wanafunzi wangu wote nitawaleta, wanywe hapa mbele yako, na kwako pia watakula hizo nyanya. Ukurasa ule nimeufuta. Tia sahihi."

"Watakula kwangu?"

"Kwako. Utaonja kwanza."

Aliweka alama yake, msalaba na duara, akabonyeza kwa nguvu mpaka karatasi ikatoboka kidogo.

Sikusubiri. Nilimwita Adélaïde, nikapunga karatasi hewani, akashika mdomo kwa mikono miwili. Nikaondoka nusu natembea nusu nakimbia. Mbele ya ofisi ya zoni kulikuwa na foleni ya watu waliokuwa wamekimbia usiku, na magodoro yao. Niliwapita wote, sikuona haya, wakanitukana kwa Kirundi na kwa Kiswahili. Karani alikuwa anafunga droo.

"Saa sita, madamu."

"Kasoro dakika nane. Angalia ukutani."

Aliangalia ukutani. Akasoma karatasi tangu juu mpaka chini, akauliza kwa nini imetoboka, nikamwambia ni jirani anayejali. Akapiga muhuri. Irène, binti asiyejulikana wazazi, anabaki kwa Adélaïde, mjane, Kanyosha. Akaandika tarehe.

Nilikuwa nimeshatoka nje, nimeegemea ukuta, najipepea kwa bahasha, ndipo nikaona kwamba mgongo wangu ni mwepesi.

Nilikuwa nimemwacha Prodige kwa Adélaïde. Sikumuaga. Sikumwambia Adélaïde ampe wala asimpe kitu. Nilishika karatasi, nikaondoka, kama mtu anavyomwacha mtoto kwa dada yake.

Tumbo langu lilikaza kidogo, kwa mazoea. Kisha likaachia. Ilikuwa saa sita mchana na mtoto hakuwa ametia kitu mdomoni tangu asubuhi. Kwa hakika alikuwa anakula.

Nikaikunja karatasi nikaitia kifuani, nikarudi Kanyosha kwa mwendo wa kawaida.